Kwa nini mbu humwandama binadamu: Funzo kutoka Rabai kwa wakazi wa Frere Town

JUA linapokuchwa nyuma ya kisiwa cha Mombasa, wakazi wa Frere Town huanza kufunga madirisha. Akina mama huwaita watoto ndani, na harufu ya dawa ya mbu ya kuchoma husikika kutoka nyumba moja hadi nyingine. Wengi huamini kwamba vita na mbu huanza saa hiyo. Ukweli ni kwamba kufikia jioni, aina moja ya mbu imekwisha kuwauma kutwa nzima, pale barazani na chini ya meza ya mshonaji, na wala hawakumsikia akilia.

Swali ambalo watu huliuliza kila msimu wa mvua ni lile lile: mbu anatafuta nini hasa kwa binadamu, na kwa nini humwacha huyu akamfuata yule? Jawabu lake limechunguzwa na wataalamu wa mataifa mengi, lakini sehemu yake muhimu ilipatikana Rabai, mwendo wa kilomita zipatazo 20 tu kutoka Kengeleni.

Jambo la kwanza la kufahamu ni kwamba si kila mbu huuma. Dume hana haja na damu. Yeye huishi kwa maji matamu ya maua na mimea, na mdomo wake hauwezi kutoboa ngozi. Jike naye hupata nguvu za kuruka kutokana na maji hayo hayo ya maua. Anaponyonya damu huwa anatafuta protini za kukuzia mayai yaliyomo tumboni mwake. Mlo mmoja wa damu waweza kumpa mayai yapatayo 100. Akishayataga hurudi tena kutafuta damu, na ni huko kurudi kwa mara ya pili na ya tatu kunakoleta maradhi, kwa sababu hubeba vimelea kutoka kwa mtu mmoja na kumpelekea mwingine.

Mrija wake, ambao kwa macho yetu huonekana kama unywele mmoja, ni ala iliyofunika sindano sita nyembamba. Baadhi hukata ngozi, nyingine huipanua, moja hufyonza damu na moja huingiza mate. Mate hayo huzuia damu kuganda ili isimkwame njiani. Mwili huyatambua kuwa ni kitu kigeni na kupigana nayo. Huko kupigana ndiko tunakokuhisi kuwa ni mwasho na uvimbe. Vimelea vya malaria na virusi vya homa nyingine hupita katika mate hayo hayo.

Hutuonaje gizani?

Mbu hutanguliza pua kabla ya macho. Kila tunapopumua, tunatoa hewa ya kaboni dioksidi, nayo husafiri na upepo. Mbu huweza kuinusa akiwa mbali, makumi ya mita, akaanza kuruka akielekea inakotoka. Akikaribia, hutumia macho kutafuta kitu cheusi au chenye rangi iliyokolea. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2022 nchini Marekani ulionyesha kwamba mbu anayeeneza homa ya dengue, akishanusa kaboni dioksidi, huvutiwa na rangi nyekundu, ya machungwa na nyeusi, lakini hapendezwi sana na nyeupe wala kijani. Aliyevaa kanzu nyeupe ana nafuu kidogo. Akiwa karibu zaidi, mbu huhisi joto la mwili na unyevu wa jasho, na hapo ndipo harufu ya ngozi huamua kama atatua au atapita.

Watu wa pwani husema kwamba fulani ana damu tamu. Mbu hawezi kujua ladha ya damu kabla hajatoboa, kwa hivyo kinachomvuta ni harufu. Ngozi ya kila mtu ina bakteria wake, na bakteria hao hubadilisha jasho na mafuta ya mwili kuwa asidi zenye harufu. Wataalamu wa Chuo Kikuu cha Rockefeller, New York, walitangaza mwaka 2022 kwamba watu wanaovutia mbu sana walikuwa na kiwango kikubwa cha asidi za aina hiyo katika ngozi, na kwamba hali hiyo haikubadilika hata baada ya miaka kadhaa. Anayelalamika kwamba mbu humfuata yeye peke yake chumbani huenda anasema kweli.

Zipo sababu nyingine. Nchini Gambia, mwaka 2000, ilibainika kwamba wanawake wajawazito waliwavutia mbu wa malaria karibu mara mbili kuliko wasio wajawazito, kwa sababu hupumua zaidi na miili yao huwa na joto zaidi. Burkina Faso nako, mwaka 2010, waliokunywa pombe ya mtama walipendwa na mbu kuliko waliokunywa maji. Lakini lililo zito ni lile lililoonekana magharibi mwa Kenya na kuchapishwa mwaka 2005: watoto wenye vimelea vya malaria vilivyofikia hatua ya kuambukiza waliwavuta mbu mara mbili kuliko wenzao. Kwa maneno mengine, ugonjwa wenyewe humbadilisha mgonjwa ili mbu amjie. Mtoto aliye na malaria na ambaye hajatibiwa ni hatari kwa nyumba nzima, na yeye ndiye anayestahili chandarua kabla ya mwingine yeyote.

Mbu wawili wa Rabai

Rabai inajulikana katika vitabu vya historia kwa sababu ya kituo ambacho Krapf na Rebmann walikijenga mwaka 1846. Kwa wataalamu wa wadudu, inajulikana kwa jambo jingine kabisa. Hapo waliishi, bega kwa bega, mbu wawili wa jinsi moja ambao hawakufanana tabia. Wote ni Aedes aegypti, yule mbu mwenye madoa meupe miguuni. Wa msituni alikuwa mweusi, akitaga mayai katika mashimo ya miti na kuuma wanyama. Wa nyumbani alikuwa wa rangi ya kahawia, akitaga katika mitungi ya maji ndani ya nyumba, na kuuma watu.

Mtu angedhani kwamba wa nyumbani aliuma watu kwa sababu tu ndio waliokuwa karibu. Wataalamu walitaka hakika. Walikusanya mayai kutoka majumbani na kutoka msituni, wakawalea mbu hao katika maabara, kisha wakawapa hiari: upande mmoja mkono wa binadamu, upande wa pili simbilisi. Mbu wa nyumbani walimwendea mtu. Wa msituni walimwendea mnyama. Walipozalishwa pamoja na wajukuu wao kuchunguzwa, ilionekana kwamba wale waliopenda harufu ya binadamu walikuwa na jeni moja iliyofanya kazi zaidi katika vipapasio vyao. Jeni hiyo hutengeneza kipokezi kinachonusa sulkatoni, kemikali ambayo ni nyingi katika harufu ya binadamu kuliko katika ya wanyama wengine. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka 2014, na Carolyn McBride na Leslie Vosshall walikuwa miongoni mwa walioyaandika.

Kwa nini basi mbu wa msitu aligeuka akawa mbu wa nyumba? Mwaka 2020, kundi jingine la wachunguzi, McBride akiwemo, lilieleza baada ya kulinganisha mbu kutoka sehemu nyingi za Afrika kwamba upendo wa kuuma binadamu umekithiri mahali penye kiangazi kirefu na kikali, na katika miji yenye watu wengi. Mantiki yake ni nyepesi. Mvua ikikatika, mashimo ya miti hukauka. Maji pekee yanayobaki ni yale aliyoyahifadhi mwanadamu, na mbu anayetaga katika mtungi lazima ajifunze kumpenda mwenye mtungi. Sisi wenyewe, kwa kuweka maji, ndio tuliomfuga.

Maelezo haya yanaihusu Frere Town moja kwa moja. Sehemu kubwa ya Kisauni na Nyali imezoea mfereji unaotoa maji siku mbili na kukauka wiki nzima. Wengine hutegemea visima, na wengine humngoja muuza maji na mkokoteni wake. Kila nyumba, iwe ya kupanga ama ya kifahari, ina pipa, tangi, ndoo au mitungi ya plastiki iliyopangwa ukutani. Huwezi kumlaumu mtu kwa kuweka maji pale ambapo hana hakika ya kuyapata kesho. Hata hivyo, pipa lisilo na kifuniko kwa mbu wa kahawia ni sawa na nyumba ya bure.

Wakazi wa Lamu waliliona hilo mwaka 2004. Mji huo ulikumbwa na ugonjwa wa chikungunya wakati wa ukame, ilhali wengi hudhani kwamba mbu ni balaa la mvua. Watu walikuwa wamehifadhi maji na kuyatumia kwa uchache, bila kumwaga na kusafisha vyombo. Uchunguzi wa damu uliofanywa baadaye ulionyesha kwamba takribani robo tatu ya wakazi walikuwa wameambukizwa. Ugonjwa ulifika Mombasa mwishoni mwa mwaka huo, kisha ukavuka bahari hadi Komoro, Reunion na India.

Homa tatu zinazofanana

Mji wa Frere Town ulianzishwa mwaka 1875 na wamishenari wa Church Missionary Society kwa ajili ya watumwa walioachwa huru, ukapewa jina la Sir Bartle Frere. Kengele iliyolipa eneo la Kengeleni jina lake ingali pale. Kabla ya hapo, mwaka 1844, mkewe Krapf, Rosine, alikufa kwa homa pamoja na mtoto wake mchanga, wakazikwa upande huu wa bara, mahali ambapo leo ni Nyali. Zama hizo ilidhaniwa kwamba homa huletwa na hewa mbaya ya mabwawa. Neno malaria lenyewe lina maana hiyo kwa Kiitaliano. Ilikuwa mwaka 1897 ndipo Ronald Ross, akiwa India, alipoviona vimelea vya malaria ndani ya tumbo la mbu.

Sasa tunajua kwamba hatushindani na mbu mmoja. Mbu wa malaria, Anopheles, huuma usiku, hasa watu wanapokuwa wamelala, na hupenda maji yaliyotulia yasiyo machafu sana. Culex, ambaye ndiye msumbufu mkuu wa mijini na ndiye anayeimba sikioni, pia huuma usiku, lakini huzaliana katika vyoo vya shimo, mashimo ya maji taka na mitaro iliyoziba. Yeye ndiye mmoja wa waenezaji wa matende na mshipa hapa pwani. Wa tatu ni Aedes, anayeuma mchana, hasa asubuhi na alasiri, akilenga vifundo vya miguu, naye huleta dengue na chikungunya.

Homa za mbu huyu wa tatu si ngeni kwa Waswahili. Mwaka 1872, daktari James Christie aliyefanya kazi Unguja aliandika juu ya ugonjwa ambao wenyeji waliuita kidinga pepo, uliokuwa umeenea mjini humo mwaka 1870. Wengi huona kwamba jina dengue lilitokana na neno hilo, ingawa wachunguzi wa leo hufikiri kwamba huenda ugonjwa wenyewe ulikuwa chikungunya, kwa vile maumivu ya viungo yaliendelea kwa muda mrefu. Jina chikungunya nalo ni la Kimakonde, lina maana ya kile kinachokunja, na lilichukuliwa baada ya ugonjwa huo kuzuka kusini mwa Tanganyika mwaka 1952.

Mjini Mombasa, dengue ilivuma mwaka 2013. Uchunguzi wa nyumba kwa nyumba katika mtaa wa Tudor, ng'ambo ya mkono wa bahari kutoka Frere Town, uligundua kwamba asilimia 13 ya waliopimwa walikuwa na dalili za maambukizi ya wakati ule au ya karibuni. Chikungunya ilirudi Desemba 2017. Kufikia mapema Februari 2018, watu 453 walikuwa wameorodheshwa kuwa wagonjwa katika kaunti hiyo.

Hapa ndipo penye hatari kubwa. Homa hizi zote huanza kwa namna moja: joto kali, kichwa kuuma, mwili kulegea. Mkazi wa pwani akipata homa husema ni malaria, akanunua dawa dukani na kungoja. Ikiwa ni malaria ya mtoto, kuchelewa kwa siku moja au mbili kwaweza kumuua. Ikiwa ni dengue, dawa ya malaria haitamsaidia lolote, na akimeza aspirini au aibuprofeni kutuliza maumivu huongeza uwezekano wa kuvuja damu. Parasetamoli ndiyo iliyo salama. Mgonjwa wa dengue aweza kuonekana amepata nafuu homa inaposhuka, siku ya tatu hadi ya saba, kumbe huo ndio wakati wa kumchunga. Maumivu makali ya tumbo, kutapika mfululizo, damu kutoka puani au katika ufizi, na kuishiwa nguvu ni dalili za kumkimbiza hospitalini. Kipimo cha damu, ambacho hutoa majibu ya malaria kwa muda usiozidi nusu saa, hakina badala.

Kinga huanzia uani

Mbu wa dengue hasafiri mbali. Wengi wao huishi na kufa ndani ya mita mia chache kutoka walipozaliwa. Maana yake ni kwamba aliyekuuma leo mchana yumkini alizaliwa katika ua wako, au wa jirani yako wa ukuta wa pili. Katika joto la Mombasa, yai huwa mbu kamili kwa siku zipatazo 7 hadi 10, kwa hivyo chombo kikimwagwa na kusafishwa mara moja kwa wiki, viluwiluwi hawapati nafasi ya kuota mbawa.

Kumwaga maji peke yake hakutoshi. Mayai ya Aedes hunata kwenye ukingo wa pipa, juu kidogo ya maji, na huweza kukaa makavu kwa miezi kadhaa yakingoja kujazwa upya. Ni lazima ukingo usuguliwe kwa brashi au kwa kumbi la nazi. Tangi ambalo haliwezi kumwagwa lifunikwe barabara, au kitambaa cha wavu kifungwe mdomoni. Makaka ya madafu, vifuu, makopo, magurudumu makuukuu na vyungu vya maua ni vitu ambavyo mwenye nyumba huvipita kila siku bila kuviona. Matajiri nao wasijione wamesalimika: huko Malindi, wataalamu waliwakuta mbu wakizaliana kwa wingi katika mabwawa ya kuogelea yaliyotelekezwa.

Kwa Culex, dawa iko chooni. Mwaka 1988, katika mji wa Makunduchi, Unguja, vyoo vya shimo vilimwagiwa punje nyepesi za plastiki zinazoelea, zikaufunika uso wa maji ili viluwiluwi wasipumue, na wananchi wakapewa dawa za matende. Idadi ya kuumwa kwa mtu mmoja ilishuka kutoka takribani mara 25,000 kwa mwaka hadi 439. Walioonekana na vimelea vya matende katika damu walipungua kutoka asilimia 49 hadi 3 katika muda wa miaka mitano. Aghalabu mtu hawezi kupata punje hizo kwa urahisi, lakini bomba la hewa la choo likifungwa wavu na shimo la maji taka likizibwa nyufa, mbu hupungua sana.

Kwa usiku, chandarua chenye dawa hakijapata mshindani. Ushahidi mmoja mkubwa ulipatikana jirani, Kilifi, ambako majaribio ya miaka ya 1990 yalionyesha kwamba vyandarua hivyo vilipunguza vifo vya watoto kwa theluthi moja. Sharti kichomekwe chini ya godoro, na kitundu kishonwe. Mtoto anayelala mchana naye alale ndani yake, kwa sababu ya yule mbu wa kahawia. Mahali ambapo paa na ukuta haviungani, mwanya uzibwe, maana Anopheles hupenda kupitia hapo.

Mchana, nguo ndefu za rangi nyepesi na mafuta ya kujipaka yenye DEET husaidia. Hupakwa upya jasho likitiririka. Feni nayo hufaa kuliko wengi wanavyodhani, kwani mbu ni mrukaji dhaifu na upepo hutawanya harufu ya mwili. Dawa ya kuchoma hufanya kazi, na nyingi hutumia kemikali zilizoigizwa kutoka kwa pareto, zao ambalo Kenya iliwahi kuongoza duniani, lakini moshi wake katika chumba kilichofungwa huumiza mapafu, hasa ya watoto. Kivumbasi ambacho wazee wetu walikipanda mlangoni hakikuwa ushirikina mtupu: majaribio yaliyofanywa magharibi mwa Kenya kwa mimea ya jamii hiyo iliyopandwa vyunguni yalipunguza mbu ndani ya nyumba kwa zaidi ya theluthi. Ni msaada, lakini hakishiki nafasi ya chandarua. Ama vile vifaa na programu za simu zinazodaiwa kufukuza mbu kwa sauti, majaribio yamekwisha kuonyesha kwamba havifukuzi chochote, na pesa hizo bora zinunue wavu wa dirisha.

Mambo mapya yanazidi kuja. Mwishoni mwa mwaka 2022, mbu wa malaria kutoka Asia, Anopheles stephensi, aligunduliwa Marsabit. Huyu, tofauti na wenzake wa Afrika, hupenda miji na huzaliana katika matangi ya maji, kama Aedes. Akifika pwani, pipa lile lile lisilofunikwa litakuwa chanzo cha malaria pia. Upande wa pili wa kivuko cha Likoni, katika kaunti ya Kwale, wachunguzi waliwapa wakazi aivamektini, dawa ya minyoo ambayo huifanya damu ya aliyeimeza kuwa sumu kwa mbu. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2025 yalionyesha kwamba maambukizi mapya ya malaria kwa watoto yalipungua kwa asilimia 26, katika vijiji ambavyo tayari vilikuwa na vyandarua.